Daftari la Zamu za Jikoni

Bhanumati alikuwa na umri wa miaka sabini na mitatu siku alipoambiwa kwamba yeye ni mgeni. Aliambiwa mlangoni mwa hekalu la Sparkbrook, hekalu alilolipikia kwa miaka thelathini na saba, na aliyemwambia ni Manubhai, mwenyekiti, mtu aliyeshiba kwa mkono wake tangu nywele zake ziko nyeusi. Ulikuwa mkutano mkuu wa mwaka 2018. Manubhai alisimama na orodha mkononi, miwani imeshuka mpaka ncha ya pua.

“Bhanuben, wewe panda juu ukae na wageni,” alisema kwa upole, na huo upole ndio uliomuudhi zaidi. “Hapa jina ni la Hasmukh. Na Hasmukh, Mungu amrehemu, hatunaye.”

Hasmukh alikuwa mume wake, na alikuwa amefariki miaka miwili kabla. Katika hekalu lile, tangu lilipoanzishwa na Wahindi waliotoka Kenya na Uganda, wanachama waliandikwa kwa nyumba: jina la mume, kisha maneno “na familia”. Hakuna aliyeona ubaya wakati ule, maana waume walikuwa hai na wazima. Lakini mume akifa, Manubhai alichukua rula akapiga mstari, na mstari ule ulimfuta marehemu pamoja na mjane wake. Wajane thelathini na mmoja walifutwa hivyo, na hakuna hata mmoja wao aliyeambiwa.

Bhanumati hakupanda juu. Aligeuka akarudi nyumbani kwa miguu, nyumba ya tatu kutoka kona ya Ladypool Road, akateleka chai, chai ikafurika ikazima moto, naye kasimama pale pale anaitazama. Mgeni! Mtu aliyesugua masufuria ya hekalu lile mpaka kucha zikalainika! Alilia kwa hasira, si kwa huzuni, na kilio cha hasira hakina cha kukibembeleza.

Manubhai hakuwa mtu mbaya, tuseme ukweli. Ila kiti kilikuwa kimemganda. Miaka sita ilikuwa imepita bila uchaguzi, na kila alipoulizwa alisema orodha ya wanachama bado inatengenezwa. Mwishowe kundi la vijana lilimpeleka mahakamani. Nasema vijana kwa sababu hekaluni mtu wa miaka hamsini bado ni kijana. Kiongozi wao, Narinder, alikuwa mfamasia mwenye upara huko Edgbaston. Jaji alisikiliza siku mbili, akasema mahakama haiwezi kupima nani anampenda Mungu zaidi, inachoweza ni kuhakikisha katiba ya hekalu inafuatwa. Akamteua wakili asiye na upande. Kwa miezi sita wakili huyo angesimamia hekalu, atengeneze orodha halali, kisha uchaguzi ufanyike mbele ya macho yake.

Wakili aliyeteuliwa aliitwa Ladan, Msomali aliyelelewa Eastleigh, Nairobi. Basi watu wakapata la kusema. Mwislamu asimamie hekalu? Siku ya kwanza Ladan alivua viatu mlangoni bila kuelekezwa, akauliza ni wapi hapaswi kukanyaga, kisha akaomba meza na kiti akaanza kazi. Manung’uniko yalipungua. Kuisha, hayakuisha.

Kila Jumanne alikaa ofisini hekaluni kupokea wanaodai uanachama. Bhanumati alikwenda na Kiingereza chake alichokipiga pasi tangu asubuhi. Hakufika sentensi ya pili.

“Mama, samahani,” Ladan akamkatiza akitabasamu. “Hiyo accent naijua. Wewe ni wa wapi kule nyumbani?”

“Kisumu,” akajibu Bhanumati, na mabega yake yakashuka. “Nimezaliwa karibu na stesheni ya reli.”

“Ehe! Basi tuongee Kiswahili, mama. Mimi nitaandika kwa Kiingereza.”

Wakaongea. Ladan alimfungulia katiba ya mwaka 1979, karatasi kumi na moja zilizopigwa chapa. Mwanachama, ilisema, ni Mhindu yeyote mtu mzima anayetoa huduma hekaluni walau mara sita kwa mwaka, na ambaye jina lake limeandikwa katika daftari la hekalu. Akishaandikwa, hatoki ila kwa kifo, kwa barua yake mwenyewe, au kwa uamuzi wa mkutano mkuu.

“Umeona?” Ladan aliweka kidole. “Inasema daftari la hekalu. Haisemi daftari la Manubhai. Kama kuna kitabu kingine chochote kilichowekwa hapa, chenye majina ya wamama waliokuwa wakihudumu, mimi nakipeleka kwa jaji. Shida ni evidence. Nimeuliza kila mtu, hakuna kitu. Wewe una chochote?”

“Nitatafuta,” alisema Bhanumati.

Hakuwa na haja ya kutafuta. Daftari lilikuwa kabatini kwake, chini ya sari za harusi, ndani ya mfuko wa plastiki uliofungwa mafundo mawili. Alijua lilipo kama mtu ajuavyo jino lake bovu.

Mwaka 1981 jiko la hekalu lilikuwa na wanawake wa kila namna: Wagujarati wa Kisumu na Mombasa, Wapunjabi wa Nakuru, wengine wa Kampala na Jinja. Kila mmoja alikuwa na lugha ya kwao, lakini Kiswahili kilikuwa cha wote, tena kilikuwa na faida moja kubwa. Mama wakwe wengi waliletwa moja kwa moja kutoka India na hawakujua hata neno moja. Basi zamu za jikoni ziliandikwa kwa Kiswahili, pamoja na umbea wote uliostahili kuhifadhiwa. “Jumapili ya pili, Raksha na Bhanumati, dengu na wali. Mama mkwe wangu amekuja kukagua. Tumemwambia hili ni daftari la sala, akalibusu.” Waume walikijua Kiswahili vizuri, lakini waume walifika mlango wa jiko kuuliza kama chakula ni tayari, wakaishia hapo.

Raksha alikuwa mdogo kwake kwa miaka mitano, Mpunjabi wa Nakuru, mama yake huyo Narinder. Walikuwa chanda na pete. Kisha ikaja sikukuu ya kuzaliwa Krishna, Jumapili moja ya Agosti 1993.

Katika hekalu lile chakula cha kumtolea Mungu hakitiwi kitunguu wala kitunguu saumu. Siku ile alikuwepo kuhani mgeni kutoka Leicester. Alifunua sufuria la dengu mbele ya watu, akanusa, akarudisha kifuniko. “Humu mna kitunguu saumu,” akasema. Watu mia nne walikuwa wamekaa wanangoja. Macho yote yakamgeukia Bhanumati, mkuu wa jiko, na Bhanumati akaona dunia inamwelemea, akanyoosha kidole. “Dengu za leo ni za Raksha.” Kila mtu alijua Wapunjabi majumbani kwao wanakula vitunguu. Raksha alitazama viganja vyake, akavua aproni, akatoka. Bhanumati akalichukua daftari, akapiga mstari juu ya jina la rafiki yake.

Alhamisi yake, nyumbani, alifungua tena kopo jipya la mvuje, ule utomvu mkali uliosagwa ambao Wahindi hutia katika dengu badala ya vitunguu. Ni yeye aliyeupeleka hekaluni Jumapili ile, na ni yeye aliyeutia katika dengu za Raksha, vijiko viwili vizima. Ulikuwa wa aina ngeni, na harufu iliyomrukia puani ilikuwa ya kitunguu saumu kabisa. Alikaa chini. Kisha akaandika daftarini, kwa mwandiko wake mzuri wa shule ya Kisumu: “Hakuwa Raksha. Ni mvuje wangu wa kopo jipya. Nimemsingizia. Sina uso wa kusema.”

Jumapili alipeleka jikoni daftari jipya, akasema la zamani limejaa. Lilikuwa limebakiza kurasa arobaini. Madaftari yaliyofuata yote yalitupwa jiko lilipokarabatiwa mwaka 2009. Lililobaki duniani ni hilo moja, na lilibaki kwa sababu ya aibu yake.

Jumanne iliyofuata alirudi kwa Ladan. Alizunguka mbuyu kidogo, akauliza habari za watoto, akauliza bei ya nyama ya mbuzi Stratford Road, ambayo yeye hali. Halafu akauliza: kitabu kikiwa na ukurasa mmoja usiohusu mambo ya uanachama, huo ukurasa hauwezi kubaki nyumbani?

Ladan aliweka kalamu chini. “Mama, nisikilize vizuri. Mimi si wakili wako, mimi ni wa mahakama, siwezi kukushauri. Naweza kukuambia tu sheria inavyokwenda. Daftari likija, linakuja lote. Linatafsiriwa lote, na pande zote mbili zinapewa copy. Ukurasa mmoja ukikosekana, lawyer wa Manubhai atasema limechezewa, na ataeleweka. Litatupwa. Na wamama thelathini na mmoja wametupwa nalo.”

“Na lisipokuja?”

“Lisipokuja, nina orodha ya Manubhai peke yake.”

Jumamosi, binti yake Reena alikuja kwa treni kutoka Sutton Coldfield, kama kawaida yake, akamkuta mama yake mezani. Mbele yake daftari kuukuu limefunguliwa, na kando yake mkasi.

“Mum, what’s that?”

Bhanumati alimsomea. Reena alizaliwa Birmingham. Kiswahili alikielewa chote ila alikijibu kwa Kiingereza, tabia iliyokuwa ikimchosha mama yake. Safari hii alisema kwa Kiswahili chake cha kuchechemea: “Auntie Raksha anajua?”

“Hajui.”

“Basi mwambie wewe. Before the court does.”

Ushauri mzuri, na Bhanumati aliukubali. Alikwenda mpaka nyumbani kwa Raksha mara mbili. Mara ya kwanza alishika kitasa cha geti akakiachia. Mara ya pili alimwona Raksha dirishani akimwagilia maua, akajifanya anatafuta nyumba nyingine. Mwanamke aliyeamrisha wapishi ishirini kwa nyusi tu, alishindwa na geti la mbao! Alijichukia njia nzima ya kurudi. Lakini mkasi aliurudisha kwenye droo, na Jumanne akalikabidhi daftari zima kwa Ladan, akatia sahihi, akatoka haraka kabla hajabadili nia.

Tafsiri ilifika kwa pande zote wiki mbili kabla ya kusikilizwa. Bhanumati akajua kwamba Narinder kasoma, na kwamba mama yake kasoma. Alikaa na simu mapajani. Raksha hakupiga. Manubhai alipiga, tena akasikika kama anayemwonea huruma: hivi kweli anataka jambo la namna hii lisemwe mbele ya Waingereza? Bhanumati alimjibu kwamba Waingereza wana mambo yao mengi tu, lake moja zaidi halitawaelemea.

Chumba cha mahakama, katikati ya jiji, kilikuwa kidogo kuliko alivyodhani, na hakikuwa na kizimba. Aliapa akiwa ameweka mkono juu ya Gita. Mkalimani wake alikuwa mama wa Kikongo kutoka Bukavu, Immaculée, na Kiswahili chao kiligongana kidogo mwanzoni, mmoja wa ziwa hili, mwingine wa ziwa lile, kisha kikazoeana. Safu ya nyuma, karibu na mlango, Raksha alikuwa ameketi na mkoba magotini. Hakumtazama.

Wakili wa Manubhai alikuwa kijana wa sauti nzuri. Alifungua ukurasa ule bila kuchelewa.

“Hapa umeandika kwamba ulimsingizia mwenzako. Ni kweli?”

“Ni kweli.”

“Ukanyamaza miaka ishirini na mitano.”

“Ndiyo.”

Immaculée alikwama kwenye neno mvuje. Jaji akaomba maelezo, na Bhanumati akaeleza kwamba ni dawa ya dengu inayonuka kama kitunguu saumu kilicholala na nguo zake. Watu wakacheka. Wakili hakucheka.

“Kwa hiyo, bibi, kwa maandishi yako mwenyewe, wewe ni mwongo. Mahakama iamini vipi ukurasa mwingine wowote wa daftari hili?”

Bhanumati alishika ukingo wa meza. Alitaka kuwatazama watu wa nyuma, akaogopa. Ladan hakumwandalia jibu lolote, kwa kuwa sheria ilimkataza.

“Bwana,” alisema mwishowe, “kama ningekuwa nadanganya ndani ya lile daftari, ningeanza na ukurasa huo.”

Immaculée alitafsiri polepole, neno kwa neno. Jaji aliandika, akasoma alichoandika, akaweka kalamu chini.

Uamuzi ulitoka alasiri ile ile. Daftari la zamu za jikoni, alisema jaji, lilitunzwa hekaluni, kwa kazi ya hekalu, na ni daftari la hekalu kwa maana ya katiba. Mtu aliyeandika kosa lake bila kulazimishwa na yeyote hana sababu ya kubuni nani alipika wali Jumapili gani. Majina yote yaliyomo ni ya wanachama, wajane na wenye waume. Wajane wanne waliojiunga baada ya daftari kufungwa wangekubaliwa kwa viapo vya wenzao. Na mstari uliopigwa juu ya jina la Raksha mwaka 1993 ulikuwa mstari wa wino tu, kwa kuwa hakuna mkutano ulioketi kumtoa.

Wanawake walikumbatiana hadi kwenye ngazi. Bhanumati alipita katikati yao kama asiyesikia, akamkuta Raksha mbele ya lifti, peke yake.

“Raksha.”

“Siku ile asubuhi,” Raksha akaanza bila salamu, “nilimenya kitunguu saumu nyumbani. Chakula cha baba yake Narinder. Nikanawa mikono, nikaja hekaluni. Halafu yule kuhani akasema ananusa kitunguu saumu, na wewe ukanionyesha kidole.” Sauti yake ilikuwa tulivu. “Wengine walidhani nimefanya makusudi. Mimi nilidhani ni mikono yangu. Nilikuamini, Bhanu. Nilikuamini wewe kuliko mikono yangu mwenyewe. Miaka yote hii nanawa kwa ndimu na chumvi kabla ya kusali, na chakula cha Mungu sijakigusa tena. Hata nyumbani, prasadi ya kumtolea Mungu anaandaa mke wa Narinder.”

Bhanumati alikuwa amejiandaa kwa matusi. Kwa hili hakujiandaa. Aliinama, magoti yakilalamika, akanyoosha mkono kugusa miguu ya Raksha kama wadogo wanavyowafanyia wakubwa wao. Raksha alirudi nyuma akagonga ukuta.

“Inuka! Mimi ni mdogo kwako, usinifanyie hivyo.”

“Nisamehe.”

“Sijui kama nimekusamehe,” Raksha alisema. Lifti ikafunguka. “Acha nifike nyumbani kwanza.”

Ilipita miezi miwili. Uchaguzi ulifanyika Jumapili moja ya Februari, theluji ikiyeyuka juu ya paa. Ladan aliketi bila viatu nyuma ya meza ndefu, soksi mbili kila mguu kwa baridi ya sakafu, akaita majina kutoka orodha mpya. Hakukuwa na “na familia” popote. Kila mwanamke aliitwa kwa jina lake, na baadhi ya wajane walichelewa kuitika kwa kuwa hawakuzoea kuitwa hivyo mahali pale. Bhanumati aliitika mara ya kwanza, tena kwa sauti ya jikoni. Manubhai alishindwa kwa kura kumi na tisa. Alivua miwani, akaifuta, akampa Narinder mkono, akauliza kama chakula kitachelewa sana.

Kilibaki kiti kimoja, cha mkuu wa huduma za jikoni, kinachopigiwa kura kwa kunyoosha mikono. Wajane wote walitaja jina moja, la Bhanumati. Alisimama. Kile kiti alikitaka, asidanganye mtu. Alikuwa amekitaka tangu alipoambiwa apande juu na wageni.

“Nakataa,” alisema. “Nampendekeza Raksha. Jikoni yeye alitolewa na mimi, na nyote mmesoma ilivyokuwa.”

Raksha, safu ya nyuma, alikaa muda mrefu kiasi kwamba Ladan alianza kupekua karatasi zake kuona katiba inasemaje mtu asipojibu. Halafu Raksha akainuka.

“Nakubali kwa sharti,” alisema. “Bhanu afanye zamu chini yangu. Na zamu ya kwanza ni sasa hivi, watu wana njaa.”

Watu walicheka, mikono ikanyooka kama msitu, naye Bhanumati alikuwa tayari anakunja mikono ya sweta akielekea jikoni.

Kule ndani walikuwa wawili tu mwanzoni. Bhanumati alimimina dengu katika beseni kubwa, akafungua maji. Raksha alisimama mbele ya beseni, amefunga aproni, mikono ikining’inia pembeni. Maji yalijaa. Hakuingiza mkono.

“Zinangoja kuoshwa, mkuu,” alisema Bhanumati.

“Naziosha pamoja na wewe?”

“Wewe peke yako. Mimi nitashika bomba.”

Raksha alivuta pumzi, akaingiza mikono yote miwili hadi viwiko, akaanza kuzifikicha dengu, taratibu kwanza, kisha kwa nguvu ile ya zamani iliyokuwa ikirusha maji mpaka ukutani. Alikuwa analia. Bhanumati alifunga bomba, akageuka kutafuta chumvi kwenye rafu ambayo alijua haina chumvi.